Mwizi Aliyekufa Wima

Mjukuu wangu Furaha,

Hapa Minto, ughaibuni, tuko salama. Mdogo wako nikimsalimu kwa Kiswahili, ananijibu "I'm good, Babu."

Unasema huko Tokyo, kwenye tamthilia unayoiandikia televisheni, wakubwa wamekukataza kumuua daktari kwa kuwa watazamaji wanampenda. Unauliza kama uache kazi.

Ujanani, kule Uvira, niliandika mchezo wa kanisa. Mwizi alipaswa kuanguka afe mapema, lakini mama mkwe wa kijana aliyemwigiza alikuwa ameketi mbele, na kijana akagoma kulala chali mbele ya mkwe. Akafa wima, ameegemea ukuta, huku akiwanong'oneza wenzake maneno waliyosahau. Nilikasirika! Jumapili iliyofuata kanisa likajaa, wote wamekuja kumwona maiti aliyesimama.

Daktari mwache aishi. Ila mama mkwe wake ahamie kwake.

Babu yako