Maelezo ya Hildegarda Kuhusu Nguo za Kuazima

KITUO CHA POLISI, KILOSA
MAELEZO YA SHAHIDI

Jina: Hildegarda Paulo. Umri: miaka 58. Kazi: mkulima, sasa msusi wa mikeka. Makazi: Kijiji cha Ujamaa, Rudewa.

Mimi ndiye ninayesemekana nimeporwa. Sikuporwa. Naomba hilo liandikwe kwanza, maana jirani zangu wako mahabusu.

Miguu yangu ilipooza mwaka 1969. Tangu hapo nakwenda ninakobebwa. Kanisani hunibeba jirani yangu Mwamvua, ambaye ni Mwislamu. Hunisubiri nje, na padri akirefusha mahubiri, hukohoa.

Mnamo tarehe 12 Machi 1974, yaani leo, saa tatu asubuhi, lori la kijiji lilitushusha, mimi na majirani zangu watatu, kwa bwana ustawi wa jamii, Ndugu Lupakisyo. Tulisikia ameletewa baiskeli ya magurudumu matatu, ya kuendesha kwa mikono. Nilishafika kwake mara mbili nikarudishwa. Safari hii majirani walisema serikalini hakuendwi na viraka. Mwamvua aliniazima kitenge kipya, Odilia herini, Costancia viatu.

Ndugu Lupakisyo alisema, "Shikamoo mama." Nikaitikia, "Marahaba." Akanitazama juu hadi chini.

"Mama, baiskeli hii ni ya wasiojiweza. Wewe umependeza kuliko mke wangu. Na viatu hivi?"

"Ni vya heshima, baba. Sivitembelei."

Akasema tumpishe anayestahili. Tulipotoka barazani nililia, wala sioni aibu kusema.

Mwamvua akapandwa na hasira. "Kumbe kosa ni kitenge? Kitenge changu hicho!" Akakifungua. Odilia akachomoa herini, Costancia akavua viatu, nikabaki na gauni langu la viraka. Nikaanza kucheka, nikashindwa kujizuia. Mpita njia akadhani napiga mayowe, akakimbilia kwenu. Askari wakawachukua wote watatu.

Ndugu Lupakisyo alitoka, akanikuta peke yangu sakafuni.

"Mama, sasa utarudije?"

"Sijui, baba. Mgongo ulionileta wameufunga."

Akaenda kuitoa baiskeli.

Nimekuja hapa mwenyewe. Nimepitia sokoni, ingawa sikuwa na haja ya kununua kitu. Nina furaha mno, afande, andika na hilo. Jumapili nitakwenda kanisani kwa mikono yangu. Mwamvua akitaka kuja kukohoa, na aje.

Nimesomewa niliyoyasema, nami nayakubali kuwa ya kweli.

Sahihi: Hildegarda Paulo

Yameandikwa nami, Koplo Yeremia. Hakuna kosa lililotendeka. Wanawake watatu wameachiwa. Mwamvua ameondoka kituoni akiwa amepakiwa kwenye baiskeli na shahidi.