Pakiti Moja, Chupa Moja

Jumanne, 4 Juni

Bosi ameharisha mara sita tangu alfajiri. Chanzo: binti yangu, kwa simu, saa mbili na robo, nikiwa nje ya ofisi za manispaa nasubiri kikao kianze nikiandikie habari. Bosi ni mjukuu wangu wa pekee. Miezi tisa, meno mawili, subira hana. Ndiyo maana ya jina.

Nikauliza kama ninavyomuuliza mtu yeyote. Kuna damu? Hapana. Anatapika? Mara moja. Ananyonya? Ananyonya. Choo kikoje? Maji matupu.

Nikamwambia ampeleke zahanati, achukue chumvichumvi za kuchanganya na maji yaliyochemshwa, asiache kunyonyesha.

"Mama, najua. Mimi nimelelewa na gazeti."

Tukacheka.

Jioni nimepita kwao. Jirani wa chini, fundi cherehani, ameshakata kesi: meno. Nikamwambia meno hayaharishi, mikono michafu ndiyo inaharisha. Akaniuliza mikono ya nani, huku anaitazama yangu. Wino hadi kwenye kucha!

Tabibu wa zahanati alimfinya ngozi ya tumbo, ikarudi papo hapo. Kasema maji yamempungua kidogo tu. Katoa pakiti mbili za chumvichumvi na vidonge vya zinki, kimoja kwa siku, siku kumi. Dawa ya kufunga choo hakutoa. Yuko sahihi. Binti yangu alitaka sindano. Kila mama anataka sindano.

Jumatano, 5 Juni

Mara nne tu leo. Na anakunywa vizuri — anakunywa mno. Kikombe kikiisha anakikamata kwa mikono miwili, hataki kiondoke.

"Mume wangu, utatumalizia bomba," nikamwambia.

Hakucheka. Huwa anacheka.

Analia kwa sauti nyembamba, kama mlango wenye bawaba kavu. Fundi cherehani kasema kapata sauti ya kuimbia.

Kazini: kikao kuhusu mitaro ya maji machafu. Kimechukua saa tatu na dakika ishirini. Hakuna kilichoamuliwa.

Alhamisi, 6 Juni

Tumerudi zahanati, mimi na binti yangu. Tumekaa kwenye benchi dakika arobaini. Bosi alilia dakika zote arobaini, ukimshika analia zaidi.

Tabibu akafinya tena. Ngozi ikarudi. Nikamwomba na mimi nijaribu. Inarudi, ndiyo, lakini ni laini kwa namna nisiyoijua, kama donge la unga.

"Ngozi inarudi, mama. Maji yapo."

"Mbona analia?"

"Hajatosheka maji. Ongeza."

Pakiti nne nyingine.

Sentensi hizo mbili hazipatani. Angezisema diwani ningemkaba hapo hapo. Tabibu nikamshukuru.

Ijumaa, 7 Juni

Degedege. Saa moja kasoro kumi asubuhi, nikiwa nimepitia kwao kabla ya kazi. Mkono wa kulia kwanza, kisha mwili mzima. Dakika nne. Niliangalia saa kwa sababu sikuwa na jingine la kufanya.

Hospitali. Daktari wa watoto ni mwanamke mfupi, mwepesi wa kutembea, mzito wa kusema. Akafinya ngozi, ikarudi, wala haikumshughulisha. Akagusa ulimi. Mkavu. Akanyoosha mguu wa mtoto, mguu ukakakamaa.

"Chumvichumvi mnachanganyaje?"

"Pakiti moja, chupa moja," binti yangu akasema.

"Chupa ipi?"

Akaitoa mkobani. Nusu lita. Daktari akaomba na pakiti tupu, akaigeuza, akaweka kidole chini ya maandishi: lita moja.

"Tangu lini?"

"Jumanne."

"Amekunywa yote?"

"Yote! Hajabakiza tone."

Alisema kwa fahari. Kisha akatutazama nyusoni.

Daktari akaeleza pole pole, akinigeukia mimi kwa kuwa nilikuwa naandika. Mtoto amenyweshwa chumvi maradufu siku tatu. Chumvi ikijaa kwenye damu inavuta maji kutoka kila mahali. Ngozi inadanganya, inaonekana nzima, na ubongo unanyauka. Chumvi ya damu yake: 178. Ya mtoto mzima haizidi 145. Dawa ni maji, lakini kwa kipimo, tone kwa tone, siku tatu nne. Ukishusha haraka, ubongo unavimba.

Nikamuuliza ana nafasi gani.

"Usinidai hesabu, mama."

Jibu nimeliandika hivyo hivyo.

Binti yangu kasema sentensi moja tu tangu hapo: "Lakini ndivyo ilivyoandikwa ukutani, zahanati."

Jumamosi, 8 Juni

Nimekwenda kuuona ukuta. Juzi niliuegemea dakika arobaini.

Ni makala yangu. Imekatwa vizuri kwenye gazeti, imefunikwa plastiki, gundi pembe zote nne. Miaka kumi na moja. Kichwa chake: Pakiti Moja, Chupa Moja. Nilikipenda kichwa kile. Mhariri alitaka kirefu zaidi, nikagoma. Chini yake, jina langu.

Ilikuwa sahihi. Wakati ule pakiti zilikuwa za nusu lita, na kila nyumba ilikuwa na chupa ya soda ya nusu lita. Baadaye zikaja kubwa, za lita. Ukuta haukuambiwa. Wala mimi sikuuliza.

Tabibu hakuona tatizo mpaka nilipompa pakiti asome. Amehamia pale miaka miwili iliyopita, makala akaikuta.

"Ndiyo tunayofundishia, mama. Yale mabango ya wizara akina mama hawayaelewi. Hii wanaishika mara moja."

Alinieleza kama sifa. Kisha akasoma tena pakiti, akakaa.

Nimeibandua kwa kisu cha kufungulia maboksi. Imebaki alama ya mraba, safi kuliko ukuta.

Tumefungua daftari. Wiki hii pakiti zimetolewa kwa watoto tisa, Bosi akiwemo. Mama watano wana simu, nimewapigia mwenyewe. Wanne wanatumia chupa ya nusu lita. Mmoja anatumia jagi la lita — kwa bahati, chupa ilipasuka. Watatu hawana simu. Tabibu kavua koti, katoka kwa miguu kuwatafuta. Amewapata wawili. Wa tatu mama yake aliandikisha "karibu na kinu". Vinu vya kusaga viko vitatu. Kote hawamjui.

Nimempigia mhariri. Masahihisho.

"Ya miaka kumi na moja? Dada, nani anaikumbuka?"

"Ukuta."

Akanipa maneno arobaini, ukurasa wa pili, Jumatatu.

Chumvi leo: 172.

Jumapili, 9 Juni

166. Degedege mara mbili asubuhi, fupi. Maziwa ya mama yake yanapita kwa mpira wa puani. Yanakamuliwa kwenye kikombe, saa kwa saa, na binti yangu anaandika kila kiasi kwenye karatasi. Hakuna aliyemwagiza.

Kitanda cha pili yuko Mama Pacha. Pacha mmoja kapona, mwingine bado, kwa hiyo anabeba mmoja na kulisha mmoja na mdomo unabaki bure. Anatutania kutwa. Amemchungulia Bosi: "Leo hajafoka huyu? Ofisi itakosa adabu!" Binti yangu akacheka. Kisha akalia. Kisha akakunja nepi zote upya, zilizokuwa zimekunjwa.

Muuguzi akapita: "Akina mama, kitanda changu si kabati." Hakuna aliyetoa kitu.

Mchana nimemwambia binti yangu. Nilikuwa nimepanga sentensi tatu. Nikasema ya kwanza: ile makala ni yangu.

"Najua, mama. Jina lako si liko pale? Ndiyo maana pakiti sikuisoma."

Hakuwa na hasira. Angekuwa nayo ningejua pa kukaa.

Sentensi mbili zilizobaki sikuzisema. Sizikumbuki vizuri hata sasa. Mkwe wangu kapiga simu kutoka safarini, yuko na lori siku mbili mbali. Binti yangu kamweleza yote, kipimo, namba, degedege. Chupa kaitaja. Ukuta hakuutaja. Nilikuwa nimesimama pale pale. Akakata simu, akaniambia nikae, miguu itavimba.

Jumatatu, 10 Juni

Masahihisho yametoka. Maneno thelathini na manane, chini ya tangazo la magodoro. Jina langu wameliondoa. Nimempigia mhariri, kasema nafasi haikutosha.

Tabibu kapiga: mtoto wa kinuni bado hajapatikana. Leo amezunguka tena vinu vyote vitatu. Mama mmoja kamwambia huenda walikuwa wapita njia.

Bosi: 159. Daktari kasema namba inashuka vizuri, mwendo anaoutaka. Aliposema hivyo Mama Pacha akapiga kigelegele kidogo, cha kunong'ona, na muuguzi akajifanya hajasikia.

Kisha daktari akawasha tochi, akaipitisha mbele ya macho ya mtoto. Kulia. Kushoto. Akarudia. Akarudia tena. Macho yako wazi. Hayakuifuata.

"Mwite," akamwambia binti yangu.

"Bosi. Bosi! We Bosi."

Wiki iliyopita ukifunua sufuria chumba cha pili, huyu alikuwa anageuka.

"Inaweza kuwa dawa za degedege," daktari kasema. "Zinalegeza. Inaweza isiwe hizo."

Nikamuuliza ipi ina uzito zaidi. Akaiweka tochi mfukoni, akasema tukapige picha ya kichwa. Mama Pacha aligeukia ukutani, akawa anambembeleza pacha aliyelala.

Daktari akaandika karatasi, akanipa mimi kwa kuwa nilikuwa karibu. Nikaanza kumsomea binti yangu: Jumatano tarehe 12, saa nne asubuhi, jengo la nyuma, chumba cha tatu. Asipewe maziwa kuanzia saa kumi na —

Akaichukua mkononi mwangu. Taratibu, bila kunitazama. Akaisoma mwenyewe, midomo ikitembea. Akaigeuza, akasoma na nyuma, ambako hakukuwa na kitu ila nambari ya fomu. Akamwita daktari aliyekwisha fika mlangoni.

"Hii saa kumi na mbili ni ya asubuhi au ya jioni?"

"Ya asubuhi."

"Ya Jumatano hiyo hiyo?"

"Hiyo hiyo."

"Naomba uandike."

Daktari akarudi, akaandika. Binti yangu akasubiri wino ukauke, akaikunja, akaiweka kwenye blauzi.

Jumatano, saa nne asubuhi.