Mzee Hamisi Alisema Kweli

Muyinga, Jumanne jioni

Sitauza cherehani. Asante Mungu.

Deni la vitambaa nilishalimaliza, ila nilichelewa kwa sababu mume wangu alilazwa Gitega. Mzee Hamisi, mwenye duka, alitaka nilipe na gharama za kesi, na mimi sina cha kuuza ila cherehani. Jaji akasema yeye ndiye ataamua hilo. Akamuuliza mzee, "Huyu mama alikuambia kwamba atachelewa?"

Shahidi hakuwepo. Mzee angeweza kukana.

"Ndiyo, muheshimiwa. Alikuja mwenyewe ku duka, akanielezea yote."

Basi jaji akaamua kila upande ubebe gharama zake.

Nje nilimshukuru mzee. Akauliza tu, "Mume wako iko aje sasa?"

Nikamwambia ameanza kutembea.

Ningekuwa yeye, sijui kama ningesema kweli.