Binti Yangu Anatutisha Ili Mlinzi Aje

Shangazi mpendwa, nakuandikia nikiwa nimekaa kwenye cherehani yangu, mguu uko kwenye kanyagio lakini gurudumu halizunguki, naomba unisaidie na naomba usinicheke mpaka ufike mwisho, maana nikisema kwamba shida yangu imeanzia kwenye mchezo wa kompyuta utadhani ni yale malalamiko ya kila mzazi, na siyo.

Mimi ni fundi wa nguo, nashonea nyumbani, sare za shule hasa, chumba cha mbele ndicho sebule na ndicho karakana, na humo ndani tunaishi mimi, mama mkwe wangu, binti yangu aliye kidato cha kwanza, na mdogo wake wa miaka mitano tunayemwita Kidoti kwa sababu ya alama yake shavuni. Baba yao ni dereva wa lori la mchanga. Tuligombana, Shangazi, sitakuchosha na sababu, zilikuwa za kijinga na wote wawili tulikosea, akachukua nguo zake akaenda kupanga chumba karibu na machimbo, talaka hakuna, matusi hakuna, matumizi analeta na watoto anawajulia hali kwa simu, lakini mimi na yeye tukawa tunaongea kama karani na mteja.

Jioni moja mlevi alipotea nyumba akaja kutikisa kitasa chetu huku anatukana, mama mkwe akapiga yowe, nikampigia simu mume wangu, akaja na lori lenyewe, mchanga bado uko mgongoni, akamfukuza yule mtu kisha akatandika mkeka pale mlangoni na akalala hapo karibu wiki nzima. Halafu akarudi kwake. Haukupita muda mrefu, ukuta ukaanza kugongwa.

Ni ukuta wa nyuma, upande wa jikoni, tena chini, usawa wa goti. Unagongwa ile saa watu wanapowasha taa. Mapigo ya taratibu, kama ya mtu anayejua kwamba umesikia na hana haraka na wewe. Ukitoka uani hakuna mtu, kamba ya nguo tu inayumba. Siku ya kwanza nilisema ni paka, siku ya pili nikasema ni watoto wa jirani, baada ya hapo sikusema kitu tena. Kidoti alikuwa ameshaacha kukojoa kitandani, akaanza upya, na msalani haendi mpaka anishike sketi. Mama mkwe akawa analala na viatu. Nikamwuliza, "Mama, viatu kitandani?" Akaniambia, "Mwanangu, kama ni kukimbia, sitaanza kupapasa viatu gizani."

Mume wangu akarudi, safari hii na begi. Akitoka kazini anakula, anaweka kiti nyuma ya mlango, anapakata kipande cha bomba la chuma, anakaa hivyo macho wazi mpaka kunakucha, halafu anaondoka kwenda kuendesha lori. Na mimi, Mungu anisamehe, nilifurahi. Nyumba ilikuwa na hofu, lakini ilikuwa na mume.

Sasa sikiliza. Jumapili moja mchana nilikuwa natia vishikizo, binti yangu yuko pembeni na ile kompyuta kuukuu aliyonunuliwa na baba yake, anacheza mchezo wake wa kujenga kwa matofali, ule ambao kila kitu ni cha pembe nne, hata jua. Nikaona amejenga chumba kidogo kisicho na mlango, ndani mna vitanda na watu wenye pua ndefu, mikono wameikunja, wanatazama ukutani. Ng'ambo ya kioo amefungia zombi la kijani, yaani maiti inayotembea. Likijitokeza, wale watu wanaruka, wanatetemeka, wanagongana wao kwa wao, halafu likijificha wanatulia, halafu linajitokeza tena.

Nikamwuliza, "Wamekukosea nini hawa?"

"Hawajakosea, mama. Hivi ndivyo kijiji kinavyotoa mlinzi. Lazima wawe na vitanda, walale kidogo, halafu waogope. Wakishaogopa vya kutosha, anatokea mwenyewe. Jitu la chuma."

Na kweli likatokea, kubwa, mikono mirefu mpaka magotini, likasimama katikati yao kama limeitwa kwa jina. Hata mimi nilifarijika. Lakini chini ya miguu yake kulikuwa na maji, yakalisukuma taratibu hadi kwenye shimo la moto, likawaka, likawa linajaribu kutembea humo humo motoni, likapotea. Pakabaki vipande vya chuma na ua moja jekundu.

"Mbona unaliua? Si limekuja kuwalinda?"

"Likikaa karibu nao hawatoi jingine," akasema, bila ubaya wowote, kama ananieleza hesabu. "Na chuma ndicho ninachotaka."

"Lenyewe linajua?"

"Halijui, mama. Ni mlinzi tu."

Ndipo nikaona kwamba wale watu wana majina juu ya vichwa. Mmoja ameandikwa BIBI. Mmoja KIDOTI. Na yule aliyesimama karibu zaidi na kioo, anayeruka kuliko wote, ameandikwa MAMA.

Nikamwuliza, "Na wewe uko wapi?"

Akageuka akanitazama. "Mimi ndiye ninayecheza."

Jioni ile nilimfuata uani alipokwenda kuanua nguo. Nilijificha nyuma ya shuka iliyoanikwa. Akachuchumaa kwenye ukuta wa jikoni, akatoa jiwe chini ya beseni, akagonga taratibu, kichwa kainamisha, anasikiliza. Ndani Kidoti akalia. Binti yangu hakucheka wala hakukimbia, akasubiri tu mpaka aliposikia kiti cha baba yake kinaburutwa, ndipo akarudisha jiwe mahali pake. Nikamshika mkono.

"Kwa nini?"

Akasema, "Si amekuja?"

 Nilimwambia asirudie, na hakurudia, ni mtoto mwenye kushika neno. Baba yake sikumwambia. Pakatulia, Kidoti akaanza kulala vizuri, mpaka Jumamosi moja mume wangu akaanza kukunja mashati yake akasema, "Naona hali ni shwari. Labda nirudi kule." Shangazi, nilisema namwangalia mtoto chumbani, nikachukua rula yangu ya mbao ya kupimia, nikapitia mlango wa uani, nikaenda kugonga. Niligonga vizuri kuliko binti yangu. Niliporudi ndani begi lilikuwa limeshasukumwa chini ya kiti.

Tangu hapo nimegonga kila nilipoona anataka kuondoka. Anakonda. Juzi alisimulia huku anacheka kwamba alizinduka kwenye usukani tairi la mbele limeshatoka nje ya lami, na wanafunzi wanapita pembeni. Mama yake hakucheka.

Na jana ndiyo iliyonifanya nikuandikie. Nilikuwa hapa kwenye cherehani, binti yangu mbele yangu ananishikia pindo, mama mkwe amelala na Kidoti kwapani, mume wangu uani ananawa. Ukuta ukagongwa. Mapigo yale yale. Mimi na binti yangu tukatazamana, na nikaona kwamba ananishuku mimi kama ninavyomshuku yeye, na wote wawili mikono yetu iko kwenye kitambaa. Mume wangu akaingia mbio na sabuni usoni, anauliza, "Mmesikia?"

Shangazi, ni nani anagonga? Na je, nimwambie ukweli aondoke, au ninyamaze abaki?

Mimi, Fundi Cherehani

SHANGAZI ANAJIBU

Mwanangu, nimeisoma barua yako nikiwa nimeupa mlango mgongo, na katikati nikahamisha kiti. Kwa hiyo sikucheki. Lakini nitakugombeza.

Umeniuliza nani anagonga. Swali hilo lingengoja. Wewe una mume ambaye hajalala usingizi wa maana tangu aliporudi, anaendesha tani za mchanga kwenye barabara wanayopita watoto wa watu, watoto waliovaa sare ulizozishona wewe, na unajua kwa nini halali, kwa sababu anayemfanya akeshe ni wewe. Ulimwona binti yako anamchoma mlinzi wake ili apate chuma, ukashangaa, ukamwuliza kama lenyewe linajua. Halafu ukaenda kuchukua rula. Yeye ana miaka kumi na mitatu na alikuwa anamtaka baba yake. Wewe kisingizio chako ni nini?

Haya, nimeshakugombeza. Najua pia kwamba kumwambia mwanamume "naomba ubaki" ni kazi ngumu kuliko kugonga ukuta, hasa mkishazoea kuongea kama karani na mteja. Nakuonea huruma. Ila huruma yangu haitashika usukani.

Wasomaji wanajua kwamba huwa sipigi simu. Safari hii nilipiga, kwa sababu gazeti lina siku yake ya kutoka na lori linatoka kila asubuhi. Nilikwambia umwite mumeo hapo hapo, saa ile ile, kweupe, na umwambie kwa kuanza na mkono wako, si wa mtoto. Ulilia kwanza, halafu ukamwambia. Nilisikia yote. Sasa kwa faida ya wengine nitasema alichojibu, kwa kuwa wote wawili mmeniruhusu.

Nilimsikia akivuta kiti. Halafu akasema, "Nilijua."

Ukamwuliza, "Ulijua nini?"

"Siku ya kwanza niliporudi na begi nilizunguka nyuma na tochi. Nilikuta nyayo za kandambili za mtoto wetu. Wewe uliona naendesha lori ukadhani sina macho?"

"Na ukakaa kwenye kiti usiku kucha?"

"Ningesema nini? Kwamba nimerudi kwa sababu nimerudi?" Kisha akashusha sauti, nikalazimika kubana simu sikioni. "Na ile ya juzi ni yangu. Nilikuwa nanawa, nikafikiri pakiendelea kuwa kimya mtaniuliza naondoka lini. Nikagonga kwa kopo."

Watu wazima wawili! Mmoja na rula, mwingine na kopo, mnatishana ili mpendane, na katikati yenu kikongwe amelala na viatu na mtoto wa miaka mitano anaamka kalowa. Mlikuwa mnamtafuta nani nje ya ukuta wakati wote mko ndani?

Basi fanyeni hivi, kama nilivyowaambia kwenye simu, na simwombi mtu. Wewe baba, leo huendi kazini. Toa sababu yoyote, lala, mwache mkeo akae kwenye kiti hicho kama lazima pawe na mtu. Ukishaamka, amueni kama mnaishi pamoja au hamwishi, kwa maneno, mezani, na akiamua kuondoka, fundi, mbebee begi mpaka barabarani na usimrudishe kwa hila. Mwombeni mama yenu msamaha, wote wawili, mkiwa mmekaa chini. Kompyuta msiivunje, haijagonga ukuta wa mtu. Kaeni na binti yenu, mwambieni kwamba alichotaka hakikuwa kibaya, na kwamba baba haitwi kwa kuogopa, anaitwa kwa simu, na asipopokea ni aibu yake. Kidoti mpelekeni nyuma ya nyumba mchana, mwonyesheni jiwe, rula na kopo, agonge mwenyewe mpaka achoke. Akiendelea kulowesha kitanda, mpelekeni kwa daktari wa watoto na mseme ukweli, msiseme ni malaria.

Limebaki moja. Kabla hatujakata simu tulijaribu kugawana hizo hodi, kila mtu achukue zake. Binti aliitwa akataja zake, wewe zako, baba ile yake moja. Ndipo mama mkwe, ambaye hatukujua kama anasikia, akauliza kutoka chumbani, "Na ile ya siku ya mvua kubwa?"

Hakuna aliyeichukua. Binti alikuwa bado shuleni, mvua imemzuia. Wewe ulikuwa umekwenda kupeleka sare. Baba alikuwa njiani.

Sitaki kujua. Mabati yana kelele zake na ukuta uliolowa una zake. Ila mkisikia tena, mtu asiitwe kutoka mbali na mtu asibaki ndani peke yake. Nendeni wote, taa mkononi, bibi katikati, Kidoti mgongoni kwa baba yake. Mkikuta mtu, pigeni kelele majirani waje. Msipokuta mtu, rudini ndani, fungeni mlango, mkale.