Nyumba Ambayo Hukuinunua

Aminieli, rafiki yangu,

Nakuandikia midomo imevimba na jino moja la mbele halipo. Jana nilitoa ushahidi dhidi ya karatasi yako. Shemeji yako Frenki alinisubiri nje ya baraza la ardhi, akanikaba ukosi, akanipiga ngumi mbili huku analia. "Mzee mzima, unadhulumu yatima!" Mjane wako, Mama Neema, alisimama pembeni na mkoba wake. Hakumzuia.

Nianze mwanzo. Najua maelezo yangu yalikuwa yakikupigisha miayo, lakini vumilia.

Sudi, jirani yako wa duka la vitenge, alipokuja kukukopa milioni kumi na mbili akomboe kontena lake bandarini, kalamu nilishika mimi. Nilitaka kuandika mkopo. Ukasema, "Mwalimu, karatasi ya mkopo hapa Kariakoo ni ya kufungia karanga. Andika mauziano." Tukaandika kwamba amekuuzia nyumba ya mtaa wa Gerezani, aliyoachiwa na baba yake na anamoishi na mama yake. Wengi mjini hufanya hivyo: mkopo huvishwa nguo ya mauziano ili mdaiwa aogope. Sudi alicheka sana. "Andikeni hata kwamba mmeninunua mimi, mradi huyu Mchaga atoe hela!" Akatia saini. Nami nikatia yangu, shahidi. Miaka thelathini ya ualimu, nikashuhudia uongo huku nakunywa chai yako ya tangawizi.

Tatizo la karatasi ya uongo ni kwamba ukiisoma mara nyingi unaiamini mwenyewe. Sudi alipochelewesha malipo miezi saba, hukusema tena "deni langu." Ulisema "nyumba yangu." Nikakueleza kwamba hata mwenye nyumba halali havunji mlango bila amri. Ukanijibu, "Hakimu ana haraka gani? Wanangu wanakula leo."

Ukaenda saa sita mchana na wapagazi wanne, nyundo na mtaimbo. Nilikufuata kwa miguu yangu hii mibovu. Hukupiga hodi. Aminieli, wewe! Nyundo ikapiga, mlango ukaangukia ndani, na Bi Zuhura, mama yake Sudi, alikuwa nyuma yake, amesikia sauti zenu, anakuja kufungua. Nilisikia mfupa wa paja ukikatika kama muwa. Mpagazi mmoja akamruka, akaanza kukokota godoro. Sudi akatokea uani na mchi.

Wanao walijue hili: ulikuwa umeinama kumwinua yule mama. Ulikuwa ukisema, "Samahani, mama, samahani." Sudi hakusikia. Alikupiga kichwani mara tatu. Ya kwanza ilitosha. Damu yako ilinirukia miwani, nikaifuta kwa shati, nikaona vizuri nisichotaka kukiona.

Sudi yuko mahabusu. Kesi ya kifo chako ni nyingine, na huko nitasema mapigo yalikuwa matatu, sitapunguza hata moja. Ya jana ilikuwa ya nyumba. Mama Neema, msimamizi wa mirathi yako, anaidai kwa ile karatasi. Wakili wake alinielekeza: "Mwalimu, wewe sema tu saini ni yako, ushuke." Hilo lingekuwa kweli. Na Bi Zuhura, aliyekuja kwa magongo mawili, angelala barabarani.

Nikasema saini ni yangu. Kisha sikushuka. Nikasema hakuna nyumba iliyouzwa; ulikuwa mkopo, na uongo uliandikwa kwa mkono wangu. Mwenyekiti akaniuliza kama najua naweza kushtakiwa. Nikasema najua. Nyuma yangu Mama Neema alitoa sauti ambayo sijawahi kuisikia hata siku tunakuzika.

Nisamehe. Au usinisamehe, lakini nielewe. Deni halifi pamoja na mdai. Warithi wanaweza kulidai, na Sudi analo duka. Nimemwambia Mama Neema nitamwandikia madai ya fedha, safari hii deni likiitwa deni, na nitasimama shahidi. Amenitupia sufuria. Nitarudi Jumatatu, na Jumatatu nyingine, mpaka wanao walipwe chako chote. Nyumba ya yule mama usinidai.

Lala salama, ndugu yangu. Hukumu ikitoka nitapanda basi hadi Marangu, nisimame kwenye migomba ulikolala, nikusomee yote. Wakinifunga, itabidi unisubiri.

Rafiki yako,
Mwalimu Athumani