Ulitunga Mashairi Mangapi, Baba?

Baba yangu uliyetangulia,

Kuna swali tuliloliacha mezani, nalo limenirudia kwa sura nyingine. Utakikumbuka kile kitabu cha mshairi wa Kiingereza, mmoja wa Waromantiki, wale washairi wa hisia na maumbile, aliyekufa kijana, ulichokinunua katika duka la vitu vilivyotumika pale Bordesley Green, huku ughaibuni. Ulikisimamisha mezani, ukaupima unene wake kwa kidole gumba, ukaniuliza: "Sifa zote hizi, na kazi yake yote ndiyo hii?"

Nilikujibu kwamba inategemea unavyohesabu, na jibu hilo likatugharimu Jumamosi za msimu mzima wa baridi. Je, shairi lisilokamilika lihesabiwe? Lililoandikwa mara mbili ni moja au mawili? Na mistari aliyoitia ndani ya barua kwa rafiki? Kila tulipohesabu tulipata idadi tofauti, nawe ukacheka kwamba hujapata kuona marehemu anayezidi kuandika kila wiki.

Yasiyokamilika uliyakubali bila shida. Ulikuwa mkali kwa yale ya mwisho wa kitabu tu, yaliyotungwa na rafiki yake walipokuwa wakishindana juu ya mada moja. Mimi nilitaka kuyajumlisha, kwa hoja kwamba bila yeye yasingekuwapo. Ulikataa katakata. "Hayo si yake. Usimnenepeshe mtu kwa nyama ya mwenzake."

Baada ya kukuzika nililichukua daftari lako la kijani la mashairi ili niwachapishie wajukuu kijitabu. Nilitaka ukurasa wa kwanza utaje idadi kamili. Nilihesabu mara tatu, kama ulivyonizoeza, nikapata sitini na matatu, yote kwa mwandiko wako. Nakiri kwamba nilijivuna.

Kisha nikamsomea Mama, ambaye sasa anaishi nami Hodge Hill. Alikuwa akichagua mchele. Kufikia shairi la nne alikuwa akiimaliza mistari kabla yangu, nikamsifu kwa kuyahifadhi.

"Sikuyahifadhi, mwanangu," alisema, bila kuinua macho kutoka kwenye sinia. "Niliyatunga."

Nimewafundisha wanafunzi wangu kwamba kwetu shairi hutupiwa mwenzio akalijibu, na kwamba anayejibu hufuata vina vya aliyeanza. Hata hivyo sikuliona hilo katika daftari la nyumbani kwetu. Mama alinieleza: ulikuwa ukimwachia shairi asubuhi kabla ya kwenda kazini, naye akikujibu jioni huku akipika. Kwa kuwa yeye huandika kwa herufi za Kiarabu tu, alizojifunza utotoni katika chuo cha Kurani, wewe ulikuwa ukiyanakili majibu yake kwa herufi zako. Nilidhani mwenye mkono ndiye mwenye maneno.

Nilirudi kwenye daftari nikalisoma upya, ukurasa kwa ukurasa. Ulilalamikia theluji, naye kwa vina vilevile akakukumbusha kwamba kule Unguja ulikuwa ukililalamikia jua. Ulijisifu kwa subira. Akakuuliza ni nani aliyelipiga teke birika.

Nilimuuliza kwa nini jina lake halimo. Akasema wewe ulitaka kuliandika, yeye ndiye aliyekuzuia. "Nilimwambia babako, nani atakuja kuuliza?"

Kwa siku nzima, Baba, nilifikiria kuliacha jambo hili kama lilivyokuwa. Wajukuu wamekwisha kuambiwa idadi, na Mama hakudai kitu. Lakini kanuni ilikuwa yako. Nimeitumia, nawe umepungua karibu nusu: mashairi thelathini na mawili ni yako, thelathini na moja ni yake.

Hesabu hiyo ilinionyesha kwamba moja halina jibu. Ni la mwisho, ulilolitunga hospitalini, ukimuuliza kama angekubali tena kuja nawe katika mji huu wa baridi. Chini yake pana nusu ukurasa mtupu. Sijui kama ulimwachia nafasi au mkono ulichoka, na natamani sana kujua.

Nilimsomea hilo jana, baada ya chakula cha mchana. Akaniomba nimrudilie vina, cha kati na cha mwisho. Akafuta mikono kwenye kanga.

"Andika," akasema. "Na safari hii, jina langu liwepo."

Ukurasa wa kwanza, mahali pa idadi, nimepaacha wazi.

Lala salama, Baba.

Binti yako, na sasa mwandishi wa Mama