Furaha Iliyokuwa Ndani ya Kibuyu

Mama,

Ilikuwa sauti ndogo: kach. Kitu kikavu kimevunjika kati ya meno, basi. Tangu likizo iliyopita haijaniacha. Naisikia ninapoandika ubaoni, naisikia kanisani watu wanapopiga magoti. Ilitoka kwenye kibuyu cha ukoo, kile anachokitunza Shangazi, na niliambiwa kwamba yaliyomo ni yako.

Ulikijua kibuyu hicho kuliko mimi. Mtu anakunywa maziwa yake, anapumulia ndani huku akikumbuka jambo, kisha kinazibwa. Siku ya kukifungua kinafukizwa kwa nyasi kavu kama vibuyu vingine vya maziwa, na anayeuvuta ule moshi anapata kumbukumbu ya aliyepumulia. Haoni chochote. Anasikia, ananusa, anaonja, na moyo wake unakuwa kama ulivyokuwa moyo wa mwenyewe saa ile. Shuleni sikumsimulia mtu. Masista wangenicheka, au wangeniombea.

Tangu tukuzike, nyumbani Songambele si kama ulivyopaacha. Baba mdogo sasa anakalia kigoda cha marehemu Baba na kupokea wageni. Migomba yako ya nyuma ya jiko imekatwa majani ovyo. Sufuria yako ndogo sijui iko wapi. Nikiuliza, naambiwa msomi ameanza kukagua.

Nilipofika likizo, Shangazi alinikalisha kwenye nyasi zilizotandikwa sebuleni, akafukiza kibuyu.

"Vuta, mwanangu," akasema. "Hii ni ile siku waliyokuja watu wa Kamuli kukuposa, mama yako akiwa bado na nguvu zake. Usikie mwenyewe alivyokubali."

Nikavuta. Nikasikia wageni wakisalimia. Nikanusa pombe ya ndizi ikimiminwa. Sauti ya mzee ikasema wamekuja kuomba binti, na punje za kahawa ya kutafuna zikadondoka kiganjani, nikazihisi. Ndipo ikaja furaha. Furaha kubwa mno, Mama, ya kumtoa mtu machozi. Sikuwahi kukuona na furaha ya namna hiyo. Nililia, na Shangazi akalia.

Baba mdogo alikuwa ameegemea mlango. "Haya, mwalimu," akasema, "unataka ushahidi gani tena?"

Wakanikabidhi kifungu cha kahawa, kimefungwa kwa jani kavu la mgomba. Siku nitakayoitafuna mbele ya watu wa Kamuli, nimekubali kuolewa. Mume mwenyewe ni kijana wao anayeishi Bukoba, ananunua kahawa, na hataki mke anayefundisha. Baba mdogo ameahidiwa kwamba mizani ya kununulia itawekwa uani kwake.

Ningeitafuna. Hilo ndilo linalonitisha. Wao nisingewasikiliza, lakini furaha yako ningeikataaje? Nilijiambia kwamba ulipokuwa ukisema, "Maliza shule kwanza, wanaume hawaishi," ulikuwa unanifariji tu. Nilijiambia kwamba moyoni ulitaka hivi, ukaona aibu kunieleza. Ona jinsi nilivyokuwa tayari kukugeuza, kwa sababu ya moshi.

Lakini ile sauti. Na Shangazi alivyokishika kibuyu shingoni, asiniachie hata kidogo. Na alivyokiziba kabla moshi haujaisha.

Nikamwomba nivute tena. Akamaka: "Mawe! Unafikiri hii ni gramafoni ya padri, unarudia rudia?" Nikambembeleza. Nilimchotea maji, nikamkatia ndizi, mpaka akachoka nami. Mchana mmoja, Baba mdogo akiwa shambani, akafukiza.

Mara hii sikuifuata furaha. Niliipisha ipite, nikaifuata ile sauti. Kach. Halafu mafuta kwenye ulimi, na chumvi, na kijiguu kilichonasa kwenye jino.

Senene, Mama.

Ladha ya panzi hao naijua kwa sababu Sista wa jikoni alitukaangia wasichana wote, wala hakujali kwamba kwetu ni chakula cha wanaume. Unakumbuka nilivyokuletea wachache kwenye jani? Uliruka kana kwamba nimekuletea nyoka. "Kichwa chako ni cha mviringo kwa sababu sikuwagusa," ukasema. "Ningewala, ungezaliwa na kichwa kilichochongoka kama chao. Wapelekee wanaume." Kisha ukanawa mikono kwa majivu, na wala hukuwa umeshika kitu. Mimi nilicheka. Wewe hukucheka.

Basi mdomo uliofurahi siku ile ulikuwa mdomo wa mwanamume.

Nilimwambia Shangazi sentensi moja tu: "Mama hakula senene." Akaanza kutafuta kitu kwenye majivu ya jikoni, kitu ambacho hakikuwepo. Baba mdogo aliporudi alicheka sana. "Labda alionja kwa siri! Wanawake, nani awajue?" Nikamuuliza: "Na wewe Baba mdogo, siku ile ulikuwa unatafuna nini?" Akaacha kucheka. Akasema shule imeniharibu, akatoka.

Kuna jingine linaloniuma zaidi. Baada ya mazishi Shangazi alinivutisha moshi mwingine: mtoto anaogeshwa, maji ya uvuguvugu, mwanamke anaimba bila kufungua mdomo. Nilikuwa nalala na kumbukumbu hiyo kila siku. Nilijua mtoto ni mimi na anayeimba ni wewe. Sasa sijui. Shangazi ameniapia kwamba ni wewe, lakini ameapa kwa sauti ile ile aliyoapia ile furaha. Nimeanza kuyapekua hata yaliyomo kichwani mwangu: hili ni langu, au nililivuta? La wewe kunawa kwa majivu ni langu. Nilikuwepo, nilikuwa na miaka ya kutosha kukumbuka, na hakuna aliyenipa.

Kwa hiyo pumzika, Mama. Nakuahidi kwamba kibuyu kile sitakisogelea tena, hata waniambie umeniimbia jina langu ndani yake. Nitakukumbuka kwa mapengo, nusu nusu, pengine kwa makosa. Lakini makosa yatakuwa yangu.

Jumamosi ya mwisho ya likizo niliondoka Songambele asubuhi, nikaenda Kamuli peke yangu. Nilimpigia magoti mzee wao, nikamwamkia shikamoo, nikamwekea mikononi kile kifungu cha kahawa, kamba yake haijafunguliwa. Aliniuliza kama ninaumwa. Nikamwambia hapana, mimi ni mzima. Kisha nilirudi shuleni Kihanga, na wanafunzi wangu wananingoja sasa hivi mlangoni.

Mwanao,
Paskazia